Mvua ya Kabatini

Kabati lenyewe lilikuwa la maandazi. Shangazi yangu alilitumia miaka mingi sokoni Kashaulili, mjini Mpanda, kabati la vioo pande zote lenye fremu ya mbao, mpaka kioo cha mbele kikapasuka na magoti yake yakakataa kusimama kutwa nzima. Likaletwa nyumbani kwetu Shanwe, likakaa kona ya sebule na kujaa vile vitu ambavyo hakuna nyumba isiyokuwa navyo: betri zilizokufa, vifuniko vya sufuria ambazo hazipo tena, kalenda za miaka iliyopita. Siku nilipotoa takataka hizo na kuanza kulijaza udongo, shangazi alisimama mlangoni, akaniuliza kama huko chuo kikuu ndiko walikonifundisha kuharibu mali za watu.

"Shangazi, si lilikuwa limeshaharibika?"

"Kuharibika ni jambo moja. Sasa wewe unalizika."

Wako watu duniani wanaotengeneza bustani ndani ya kioo kwa ajili ya urembo. Nimeziona kwenye simu: kokoto nyeupe, vijumba vidogo, taa za rangi. Yangu haikuwa ya urembo. Ilikuwa na kichaka kimoja tu cha makangaga, yale majani yanayopenda vivuli na mawe mabichi, na chini yake zulia la ule ukijani laini unaoota juu ya miamba yenye unyevu. Nilikuwa nimevitoa nyuma ya nyumba ya bibi, mama yake baba, kijijini mbele ya Inyonga.

Pale palikuwa na chemchemi. Maji yalitoka chini ya mwamba yakawa kijito, hayakuwa mengi, lakini hayakukauka, na mwamba mzima ulikuwa umevaa kijani. Nikiwa mtoto nilikuwa nikiweka shavu langu pale wakati wa jua kali. Kisha miti iliyokifunika kijito ikaanza kukatwa kulisha mabani, vile vibanda vya kukaushia tumbaku, ambavyo havijui kushiba kuni. Sikumbuki siku ambayo msitu ulikatwa, kwa sababu haukuwahi kukatwa. Kila mtu alikata mti mmoja. Huyu alisema ni mkavu, yule alisema umeinamia njia, mwingine alisema ameukuta umeshaanguka. Niliporudi likizo nikiwa chuo, niliuliza nani aliruhusu. Nikajibiwa kuwa ni mapenzi ya Mungu. Nikauliza kama Mungu ndiye aliyekuwa ameshika shoka, na mama mmoja akaniambia kuwa elimu ikizidi inageuka kuwa ugonjwa.

Nilipohitimu na kwenda kumwona bibi, mwamba ulikuwa mkavu kama mgongo wa kobe. Kichaka kimoja tu kilikuwa kimebaki, ndani ya ufa upande usiopigwa na jua. Nikapiga magoti nikaanza kukichimbua kwa kisu cha jikoni.

"Unatafuta nini hapo?" bibi akauliza.

"Makangaga."

"Magugu hayo. Hata mbuzi hawali. Chukua yote."

Nikachukua yote. Hakusema neno lingine juu yake siku ile, na nataka hilo likumbukwe, maana baadaye watu walitaka sana awe amesema.

*

Mpanda wakati wa kiangazi si mahali pa makangaga. Nilipata kazi ya kujitolea kufundisha baiolojia katika shule ya sekondari upande wa pili wa mji, natoka asubuhi na kurudi jua likiwa limeshachoka. Kwa kuwa kioo cha mbele kilikuwa kimevunjika, nilikuwa nimekiziba kwa neti ya chandarua, na unyevu wote ulikuwa ukitoroka hapo. Kufikia mchana ncha za majani zilikuwa zimegeuka kahawia. Nikamwomba baba, mwalimu mstaafu, ayanyunyizie akiwa nyumbani. Alikubali kwa moyo mmoja, akasahau kwa moyo huohuo. Shangazi hakujisumbua hata kukubali.

"Mchicha wangu unakufa pale nje kwa kukosa maji, halafu mimi nisimame na chupa ninyunyizie majani yasiyoliwa? Yana nini hayo? Yanaponya?"

"Hayaponyi."

"Yanauzwa?"

"Hayauzwi."

"Basi yana faida gani?"

"Shangazi, na wewe una faida gani?"

Alinirushia kandambili, lakini alicheka.

Jaribio langu la kwanza lilikuwa utambi wa kitambaa kutoka kwenye ndoo hadi kwenye udongo. Udongo ukawa tope na majani yakaendelea kukauka. Hapo ndipo nilipoelewa kuwa mmea huu haukuwa na kiu ya mizizi, ulikuwa na kiu ya hewa. Ulitaka ule umande wa mwambani, matone madogo yasiyo na uzito, mara kadhaa kwa siku, mtu awepo au asiwepo. Kwa kuwa watu wa nyumba ile walikuwa wamejitoa, ilibidi nitengeneze kitu kisichochoka na kisichouliza faida.

Nilianzia kwa muuza vipuri vya magari. Nilitaka kile kipampu kidogo kinachorusha maji kwenye kioo cha mbele cha gari.

"Gari lako aina gani, dada?"

"Sina gari."

"Sasa kioo unachotaka kuosha ni cha nini?"

"Cha maandazi."

Alinitazama kwa huruma, akanitafutia kimoja kwenye boksi la vyuma, akanihakikishia kwamba hakitafanya kazi bila gari. Kilifanya. Nilikiunga kwenye betri ya pikipiki inayochajiwa na sola ndogo juu ya bati, katikati nikaweka taima ya kielektroniki, nikatoa maji kwenye ndoo yenye mfuniko na kuyapandisha hadi kwenye paa la kabati kwa mpira wa dripu nilioununua duka la dawa. Wageni walioingia sebuleni na kuona dripu ikining'inia waliuliza kama majani yamelazwa.

Kilichobaki kilikuwa kichwa cha kupulizia, kile kinachovunja maji yawe ukungu. Baba mdogo, mdogo wake baba, analima tumbaku upande wa Inyonga na alikuwa na bomba la zamani la kupulizia dawa. Alipofika mjini akanipa kichwa chake bure, kimefungwa vizuri kwenye gazeti. Nikamshukuru, nikamrudishia.

"Kina nini?"

"Kimepitisha dawa miaka yote, baba mdogo. Hakitakati. Ni sumu."

Alikizungusha mkononi. "Sumu. Sumu hii ndiyo iliyokulipia ada mpaka ukajua kuniambia kwamba ni sumu."

Ilikuwa kweli. Sina namna ya kuisema isiwe kweli. Niliposhindwa kidato cha tano kwa sababu ya ada, ni yeye aliyeuza marobota ya tumbaku nikarudi shule. Moshi uliokausha mwamba ndio ulionivalisha joho. Lakini nani aliyesema kuwa mtu akikulipia macho hapaswi kuoneshwa unachokiona? Nikanunua kichwa kipya duka la pembejeo, naye akalikunja gazeti lake akaondoka bila kumaliza chai.

Siku ya kuwasha kwa mara ya kwanza, mpira ulichomoka ukalowesha vitambaa vya makochi vya shangazi, vile vya kufuma, na picha ya baba ya siku alipostaafu. Siku ya pili maji yalitoka kama mkojo wa mbuzi. Nikapunguza urefu wa mpira, nikaweka chujio la kitambaa kwenye ndoo, nikatoboa tundu chini ya kabati ili maji yaliyozidi yapite kwenye tabaka la kokoto na mkaa yaingie kwenye beseni. Kisha asubuhi moja kikaguruma kidogo, kama nyuki aliyenaswa kwenye chupa, na ukungu mweupe ukashuka juu ya makangaga taratibu, ukakaa juu ya kila jani bila kulikunja. Nilisimama pale mpaka nikachelewa shule.

Wiki ile ile mambo yakaharibika tena. Majani yalikuwa makavu mchana na udongo ulikuwa umelowa alfajiri, na sikuelewa kwa nini mpaka baba alipojitaja mwenyewe kwa fahari. Alikuwa ameona taima inasema saa saba ilhali ni saa moja asubuhi, akairekebisha.

"Baba, kwa nini hukuniuliza?"

"Saa iliyokosea haiulizwi. Inarekebishwa."

Nikairudisha kwenye saa za Kizungu, nikaibandika karatasi: ISIGUSWE.

*

Bibi aliletwa mjini mvua zikiwa bado hazijafikiriwa. Kifua kilikuwa kimembana, hospitali wakampa dawa na kumrudisha nyumbani, na kwa kuwa chumbani kulikuwa na joto, alishinda sebuleni, kwenye kochi linalotazamana na kabati. Mara ya kwanza pampu ilipoguruma alishtuka akashika rozari yake. Alipoona ukungu unashuka, akacheka mpaka akakohoa.

"Ee! Mna mvua ya kabatini!"

"Ni makangaga yako bibi, ya kule kwenye mwamba."

"Yale magugu?"

"Ndiyo."

Akayatazama. "Kule mahindi yetu yamekufa yamesimama. Huku magugu yananyeshewa." Hakulisema kwa uchungu wala kwa kusifu. Alilisema kama mtu anayesoma bei. Nimejaribu kulipa sentensi ile maana nyingine, nzuri zaidi, na kila nikijaribu inakataa.

Alifariki hospitalini, asubuhi, baba akiwa amemshika mkono.

Msiba ukawekwa kwetu. Maziko yangekuwa kijijini, lakini ilibidi kwanza kumsubiri baba mkubwa, mtoto wake wa kwanza, aliyekuwa akija kutoka mbali na ambaye basi lake liliharibika njiani. Mpaka atakapofika, mwili ungebaki mochwari. Na kwetu, maiti akiwa hajazikwa, jembe linalala. Hakuna kulima, hakuna kupalilia, hakuna kumwagilia hata mche mmoja wa nyanya. Wanasema anayeushughulikia udongo kabla ya kaburi anamchimbia mtu mwingine. Nimelijua hilo tangu sijajua kusoma.

Makochi yakatolewa nje chini ya turubai, mikeka ikatandikwa sebuleni kwa ajili ya akina mama. Kabati halikutolewa kwa sababu hakuna aliyeweza kulibeba na udongo wake. Sebule iliyojaa watu, milango wazi, moshi wa jikoni unaingia, jua la Oktoba: nilijua kabisa kwamba majani yale hayawezi kusubiri basi la baba mkubwa. Machipukizi mapya ndiyo kwanza yalikuwa yametoka, yamejikunja kama ngumi za mtoto mchanga. Swichi ya pampu ilikuwa kwenye urefu wa mkono wangu. Sikusahau kuizima. Baadaye watu wangu wa karibu walinisaidia kwa kusema nilisahau, kwa hiyo narudia: sikusahau.

Asubuhi yake akina mama walikuwa katikati ya rozari pampu ilipoanza.

Sala haikukatika mara moja. Ilipungua, kama redio inayopoteza mawimbi, mpaka ikabaki sauti ya bibi mmoja kiziwi aliyeendelea na Salamu Maria peke yake. Ukungu ulikuwa unashuka nyuma ya kioo. Kisha mama mmoja jirani, mtani wetu wa kabila, ambaye tangu jana alikuwa akilia machozi ya bandia na kuiba vijiko kama utani wa msibani unavyomruhusu, akapaza sauti:

"Jamani! Marehemu anaoga!"

Vicheko vikafyatuka chini ya khanga. Na vicheko ndivyo vilivyomwita baba mdogo kutoka nje.

Yeye ndiye aliyekuwa msimamizi wa msiba. Alisimama mlangoni, akaangalia kabati, akaniangalia.

"Nani amewasha?"

"Jua."

"Usinijibu kama unajibu wanafunzi wako."

"Baba mdogo, ni jua. Taima niliitega bibi akiwa mzima. Mikono yangu hii hapa, haijagusa udongo."

"Zima."

"Nimevunja nini?"

"Unamwagilia mimea na mama yangu yuko kwenye friji!"

"Jana watu wameoga hapa nyumbani, na maji ya bafu yote yameingia kwenye migomba nyuma ya nyumba. Migomba imemwagiliwa. Tuwaite waliooga?"

Mtani akapiga makofi. "Mie nimeoga! Nifungeni!"

Baba mdogo hakucheka. "Aliyeoga hakuikusudia migomba," akasema polepole. "Wewe uliyakusudia haya majani. Mwiko haukai mkononi. Unakaa kwenye nia."

Lilikuwa jibu zuri, na ndiyo maana nilizidi kukasirika. Nilitaka awe mjinga, naye akakataa.

Baba akanishika bega akanitoa nje, nyuma, kwenye tangi la maji. Macho yake yalikuwa mekundu. Mama yake alikuwa amekufa, nami nilikuwa nimempa kazi ya kuamua ugomvi.

"Sikiliza mama. Rudi ndani, sema bibi alikuagiza. Sema alikuambia makangaga yale yasikauke. Neno la marehemu halipingwi. Mdogo wangu atanyamaza na mashine yako itaendelea."

"Hakuniagiza, baba."

"Nani atajua?"

"Mimi."

"Wewe mtoto ni mgumu!"

"Ulitufundisha darasani tusiandike jibu ambalo hatukulipata wenyewe."

"Hapa siyo darasani," akasema. "Hapa ni watu."

Tuliporudi, baba mdogo alikuwa amekaa kwenye stuli katikati ya mlango. Sijui kama alitusikia au alitaka tu kunipa njia, kwa sababu sauti yake ilikuwa imeshuka.

"Nikuulize mara moja. Mama alikuambia uyatunze?"

Akina mama wote wakanigeukia. Baba alikuwa ananitazama kwa macho ya kuomba. Lilihitajika neno moja.

"Hapana," nikasema. "Alisema ni magugu."

Kuna aliyevuta pumzi. Shangazi akafunika uso kwa khanga. Mtani, ambaye naamini alikuwa na moyo mwema kuliko sisi sote mle ndani, akajaribu tena kutuokoa.

"Basi nipeni mimi hiyo mashine! Mimi ni mtani, sina msiba, sina mwiko wenu. Kuanzia leo ni yangu, nitawasha nitakavyo, na mkinyamaza sana nitawanyeshea na nyie."

Watu wakacheka kwa nafuu. Hata baba mdogo akainua mabega, kama anayesema kwamba hilo linawezekana. Lilikuwa suluhisho la kweli. Mtani huruhusiwa kufanya yale ambayo mfiwa haruhusiwi, ndivyo ilivyokuwa tangu zamani. Nilichotakiwa ni kusema, chukua. Makangaga yangepona, nisingepoteza kitu, na kila mtu angebaki msafi.

Huko kila mtu kubaki msafi ndiko kulikonikwama kooni. Kijito cha bibi kilikufa hivyohivyo. Mti ulikuwa mkavu, mti ulikuwa umeinama, mti umekutwa chini, na hakuna hata mmoja aliyewahi kusema mimi nimeukata kwa sababu nilitaka kuni. Laiti mmoja angesema, ningekuwa na mtu wa kubishana naye. Sikutaka kuwa mtu wa kumi katika mstari wa watu wasafi.

"Asante, mtani," nikasema. "Lakini haitolewi. Ni yangu. Inanyesha kwa sababu mimi nimetaka inyeshe."

Baba mdogo akasimama. "Sawa. Basi siku ya maziko hutatia udongo kaburini. Aliyeshughulikia udongo wake kwanza hana udongo wa mama yangu. Chagua."

Akatoka bila kusubiri nichague.

*

Siku zile zilikuwa ndefu. Mashine ilinyesha asubuhi, mchana na jioni kama nilivyoitega, na kila ilipoguruma watu waligeuza shingo pamoja. Mama wawili walihamisha mkeka wao wakaenda kukaa kibarazani. Nilipogawa chai, wengine walipokea kikombe kwa kukitazama ndani. Shangazi alikuja na khanga yake, akalifunika kabati upande wa mbele, nikajua sasa na yeye ameniacha. Kisha akakunja ncha moja ili neti ipate hewa.

"Nimefunika macho ya watu," akaninong'oneza kwa hasira. "Sijafunika majani. Na usinishukuru, nitakupiga."

Mwenyewe nilijiambia kwamba adhabu ile si adhabu. Udongo unaotupwa kaburini unamsaidia nani? Maiti hasikii. Aliye hai anatupa konzi moja, kisha vijana wenye makoleo wanamaliza kazi yote. Nilikuwa nimeshaliuliza swali hilo kwenye misiba ya wengine, kwa sauti, na nikaonekana mwerevu. Sasa nilijiuliza kimyakimya kila siku na kila siku jibu lilikuwa lilelile, halina kosa, na halikunisaidia kitu. Mkono wangu ulikuwa unautaka ule udongo. Sikuwa na hoja yoyote ya kuupa mkono.

Baba mkubwa alifika, tukapakia jeneza, tukaenda. Niliiacha mashine ikiwa imewashwa, na ndoo imejaa.

Kaburi lilikuwa limechimbwa pembeni ya shamba, karibu na la babu. Katekista akaongoza sala. Wakaitwa watoto wa marehemu, wakatia udongo. Wakaitwa wakwe. Kisha wakaitwa wajukuu, na binamu zangu wakaanza kupita mmoja mmoja, nami nikaingia kwenye mstari.

Baba mdogo alikuwa amesimama kichwani mwa kaburi, ameshika koleo. Nilipofika akalishusha mpini wake mbele yangu, si kwa nguvu, kama mtu anayefunga geti la mbuzi.

"Wewe hapana. Tulishaelewana."

"Wewe ulisema, baba mdogo. Mimi sikuitikia."

"Ulichagua majani."

"Sikuchagua. Wewe ndiye uliyeleta habari ya kuchagua. Mimi natoka kwake, na yale majani yanatoka kwake. Navitaka vyote viwili."

Wimbo ulikuwa unaendelea, lakini waliokuwa karibu walikuwa wanaimba kwa midomo tu.

"Utamletea mtu kifo katika ukoo huu," akasema.

"Mtu akifa mtasema ni mimi. Asipokufa mtasema nini?"

Akafikiri. Kweli alifikiri, nilimwona. "Tutasema Mungu amekuhurumia."

"Basi hakuna namna ninayoweza kushinda."

"Hakuna," akasema, na sauti yake ikavunjika katikati ya neno hilo, na nikakumbuka kwamba yule aliyeko ndani ya shimo ni mama yake, na kwamba mpini ule ulikuwa unamshikilia yeye kuliko ulivyokuwa unanizuia mimi.

Nilimhurumia. Sikurudi nyuma. Niliinama nikapita chini ya mpini, nikachota udongo kwa mikono miwili. Ulikuwa mwekundu na mkavu, hata ule uliotoka chini kabisa ya shimo, mkavu wa kuumiza. Nikautia. Uligonga ubao kwa sauti ndogo kuliko nilivyotarajia. Nikasimama pale kwa muda wa haki yangu, kama wajukuu wengine, kisha nikapisha.

Hakunipiga. Hakunifukuza. Ila tangu pale aliacha kuitikia salamu yangu, na mpaka naandika haya bado ananipokea kwa kichwa tu.

Tuliporudi Shanwe, jani moja la pembeni lilikuwa limeungua ncha. Mengine yalikuwa mabichi, na ngumi mbili kati ya zile zilizojikunja zilikuwa zimefunguka. Siku ya kuanua matanga, ukoo ulipokaa kugawana mambo na maneno, baba mkubwa alisema kuna mtoto anayetakiwa kuomba radhi ili msiba ufungwe bila donda. Hakunitaja. Kila mtu alinitazama. Baba akanigusa goti, akanong'ona: "Tafadhali."

Nikasimama. Nilikuwa nimeshalifikiria jambo hilo njia nzima.

"Naomba radhi kwa wote niliowaumiza wakiwa na majonzi," nikasema. "Wewe kwanza, baba mdogo. Kwa hilo naomba radhi kweli. Kwa maji, siombi."

Baba mkubwa akakohoa, akauliza nani atabaki na mbuzi wa bibi, na mazungumzo yakahamia huko. Nikaketi mahali pangu, kwenye mkeka, katikati yao.